Mafuta ya Mbarika Miguuni mwa Gari

Farkwa,
11 Mei 2025

Mwanangu Editha,

Pokea salamu kwanza, mambo yatakuja nyuma yake. Mimi mama yako mzima, kile kifua cha baridi kimeniacha. Baba yako Bernardo mzima, yuko hapa nje ameegemea nguzo ya kibanda, anauliza naandika kitu gani kirefu hivi. Bibi yako Emilia mzima, masikio tu ndiyo yanachagua, jina lako analisikia, la kazi halisikii. Jirani Asnath kajifungua salama, wa kiume, mkubwa kama mtoto wa miezi mitatu, anakusalimu. Yule ng'ombe mwekundu kazaa ndama jike. Kuku wa Loisi wanne wamebaki, mmoja tulimchinja siku ya wakwe, mwambie asilie. Na Loisi mwenyewe, bibi harusi wangu, msalimie sana, mwambie asikeshe akishona nguo za watu na yake haijashonwa.

Uliniambia nikitaka kuongea na nyie nipande kilimani nitafute mtandao. Mwanangu, nikifika juu pumzi imekwisha na maneno yamekwisha, nabaki haloo, haloo, mpaka salio linakatika. Barua naikalia. Nikisahau kitu narudi nakiongeza. Suleiman dereva wa basi hanikatalii, anaiweka kwenye kofia yake.

Sasa harusi ya mwezi ujao. Sisi huku hatulali kwa furaha. Kitenge cha sare kimefika, rangi ya udongo na maua meupe, wanakwaya wameshakata. Nimewaambia kanisani wote kwamba baba na mama wa bibi harusi hawapandi basi. Tunafuatwa na gari la mwanetu, tunakaa mbele ya watu, tunashuka Miyuji kama wageni wa serikali. Nimesema hivyo mbele ya Paulina mama mchungaji, kwa hiyo sina pa kurudi.

Lakini kuna neno moja. Baba yako anasema yeye haendi. Anasema ng'ombe hawana mtu. Nikamwambia mume wa Asnath kakubali kuwachunga. Akasema mume wa Asnath hawajui hao ng'ombe. Nikamwambia ng'ombe wanamjua kila mtu mwenye fimbo. Mimi bado nabembeleza.

Halafu nakuuliza jambo dogo tu. Kile kigari chako, mbele kule, bado kinalia ko, ko, ko kikipita shimoni kama siku ile ya Pasaka? Bado kinaruka kama mbuzi? Je, gari linaweza kutibiwa likaenda pole pole kwa ulaini, au likishaanza ndiyo basi? Nauliza tu, usione nalikosoa gari lako. Gari ni zuri, rangi yake nzuri, nililipaka hata baraka.

Nijibu upesi, Suleiman anageuka Jumamosi.

Mama yako,
Paskalia


Miyuji, Dodoma,
16 Mei 2025

Mama yangu mpenzi,

Shikamoo. Baba shikamoo, bibi shikamoo. Mpongeze Asnath. Mimi na Loisi tu wazima, baridi ya Dodoma imeanza, asubuhi nikitoka kwenda kazini Ihumwa navaa koti mpaka saa nne.

Ajabu umeuliza gari, maana gari ndilo linalonisumbua. Ile ko ko imekuwa kubwa. Kila tuta la barabarani mbele kunagonga. Nikifunga breki pua inainama kama inataka kunywa maji. Na tairi za mbele zimelika madoa madoa, hapa zimelika, hapa nzima. Nikampelekea fundi Faridi, ana gereji yake huku huku Miyuji, chini ya bati mbili na mti wa mwarobaini. Akachungulia nyuma ya tairi kwa tochi, akapitisha kidole, kikatoka na mafuta na vumbi. Kulia hivyo hivyo, kushoto hivyo hivyo. Akasema, "Dada, shokapu zako zote mbili zimetapika."

Mama, shokapu ni ule mguu wa chuma unaosimama nyuma ya tairi ndani ya springi. Springi inarusha, shokapu inasema tulia. Ndani mna mafuta. Yakivuja haitulizi tena, gari linabaki na springi peke yake, ndiyo maana linaruka kama mbuzi wako.

Kutengeneza nitatengeneza, lakini sina haraka. Nitakuambia kwa nini, na usikasirike.

Loisi ameisoma barua yako. Aliposoma kwamba baba haji, akaiweka chini akaenda kukaa uani. Mama, sisi si watoto. Siku wakwe walipoleta mahari tulimwona baba. Wageni wamekaa, wazee wa ukoo wamekaa, yeye kasimama. Baba yake bwana harusi Silvano alimsogezea kiti kwa mikono yake mwenyewe, baba akasema asante, akabaki kwenye nguzo. Hata chakula alikula kasimama, halafu akatoka nje kabla ya neno la mwisho. Wewe ndiye uliyetufundisha kwamba mzee asiyekaa na wakwe hajawapokea. Watu wa Chamwino, kwao Silvano, nao wana mila, wameona. Silvano alimuuliza Loisi kwenye gari wakirudi, "Mimi nimemkosea nini mzee?"

Na sasa ng'ombe. Mama, baba ameacha ng'ombe mara ngapi kwa sababu ya msiba wa mtu asiyemjua hata jina?

Loisi anasema bila baba yeye haolewi. Hataki kupelekwa kanisani na mjomba kana kwamba yatima. Anataka Silvano aambiwe wangoje mwaka mwingine, au mahari irudi. Nimemzuia asiseme neno mpaka nipate barua yako. Niambie ukweli. Kama baba hamtaki Silvano, aseme sababu.

Wako,
Editha


Farkwa,
20 Mei 2025

Mwanangu Editha,

Sisi wazima wote, salamu nitaziandika vizuri siku nyingine. Suleiman ameniletea barua nikiwa kisimani, nimeisoma pale pale, nimerudi nyumbani na ndoo tupu.

Mwambie Loisi asithubutu kurudisha kitu. Baba yake hana neno na Silvano. Tena anampenda. Wiki iliyopita alikuwa anamsifia kwa Asnath kwamba kijana yule ana mikono ya kazi, hakuja na viatu vya kung'aa kama wale wa mjini. Nakuapia. Kwa nini hakukaa, hilo lina sababu yake, na sababu hiyo nimekatazwa kuisema, na mimi nikikatazwa na baba yako kwa jina la marehemu mama yake siwezi. Lakini si Silvano. Sababu si ya watu. Mwambie hivyo hivyo, si ya watu.

Sasa sikiliza la gari, maana hapo nimecheka peke yangu mpaka bibi yako akauliza kuna nini. Hayo mafuta aliyoyaona Faridi si matapishi ya gari, mwanangu. Ni yangu.

Siku ile ya Pasaka, mlipokuwa mmelala mchana, nilichukua kibuyu cha mafuta ya mbarika nikaenda kulipaka gari. Nani kwetu anaingiza kitu kipya bomani bila kukipaka? Wewe ulipakwa, Loisi alipakwa, baiskeli ya baba yako ilipakwa usukani. Bibi harusi anapakwa miguu kwa sababu miguu ndiyo inayomleta. Nikatafuta miguu ya gari. Tairi nikaona ni kiatu. Nikapiga magoti, nikapitisha mkono nyuma ya tairi, nikaukuta mguu wenyewe, chuma, umesimama ndani ya duara za chuma. Nikaupaka juu mpaka chini, kulia na kushoto, sikubakiza. Vumbi la njia yetu unalijua, limeganda hapo kama unga kwenye sima.

Kwa hiyo mwambie fundi gari halijatapika. Mwambie anuse. Mbarika haifichiki.

Ila na mimi nina swali. Kama miguu ni mizima, mbona linaruka? Maana lilikuwa linaruka kabla sijalipaka. Mlipoingia tu getini nililisikia. Na mlipokwenda na baba yako kule kwenye kanisa la parokia, mkipita lile Korongo la Mawe, aliporudi aliniambia. Haya, hilo acha.

Fundi alitazame tena, usingoje mpaka harusi ipite. Nakuomba kama mama. Nijibu upesi, na Loisi aandike chini neno moja kwa mkono wake nijue hajafanya ujinga.

Mama yako,
Paskalia


Miyuji,
30 Mei 2025

Mama,

Shikamoo, na baba, na bibi. Loisi ataandika mwisho, ameahidi. Silvano hajaambiwa lolote.

Nilimsomea Faridi kile kipande cha mafuta. Mwanzo alinuna, fundi hapendi kuambiwa amekosea na mtu aliye Farkwa. Akalala chini, akapaka kidole, akanusa. Akanusa tena. Akakaa chini pale pale kwenye vumbi akacheka mpaka wateja wake wakaja kutazama. Akasema kwao Kondoa bibi yake alimpaka mbarika kila Ijumaa, na hajainusa tangu aje mjini. Sasa kila nikipita ananiita, "Dada Mbarika."

Akaosha miguu yote miwili kwa dizeli na sabuni, akafuta kwa kitambaa mpaka chuma kikang'aa, akaniambia niende nalo wiki nzima kazini na kurudi, halafu nije. Alisema mafuta ya bibi harusi hayarudi yenyewe, ya shokapu yanarudi.

Yamerudi, mama. Kulia. Meusi, mepesi, yananuka mashine, yameshuka kutoka kwenye kifuniko cha juu mpaka chini. Kushoto pakavu. Kwa hiyo wewe ulikuwa sahihi nusu na Faridi nusu.

Akanionyesha jinsi ya kupima. Unasimama kwenye kona ya mbele ya gari, unaegemea kwa uzito wako wote, unaachia. Likipanda na kutulia hapo hapo, mguu mzima. Kulia liliendelea kucheza kama mtu aliyesikia ngoma mtaa wa pili. Kushoto likapanda, likashuka, likapanda kidogo, ndiyo likatulia. Akasema wa kushoto hajafa lakini anaumwa, amekuwa akibeba kazi ya mwenzake. Na mbele hazibadilishwi moja moja. Ukiweka mpya upande mmoja na mzee upande mwingine, gari linachechemea, breki inavuta pembeni. Akaniuliza kama naweza kwenda harusini na kiatu kipya mguu wa kulia na ndala wa kushoto.

Basi tumeenda dukani wote wawili kuchagua, na hapo ndipo nilipokwama, na ndiyo sababu nakuandikia.

Kuna za mtumba kutoka Japani. Muuzaji alizifuta zikapendeza, lakini Faridi akaikandamiza moja sakafuni, ikazama, haikurudi. Akairudisha rafuni. Kuna mpya za kazi nzito, ngumu, muuzaji anazisifia kweli kweli, anasema ukiweka hizo hata njia ya Farkwa utaiona lami, hazigongi chini hata ukibeba magunia. Na kuna mpya za kawaida, kama zile gari lilizozaliwa nazo.

Nilikuwa nimeshashika zile za kazi nzito. Faridi akazishika upande wa pili. Akasema, "Kabla hujalipa, niambie unambeba nani."

Nikamwambia nabeba watu, nani tena. Akasema zile ngumu ni za mizigo. Gari halitagonga shimoni, sawa, lakini kila kokoto utaihesabu kwa mgongo. Magunia hayana mgongo. Kama nikienda kwetu ni mimi na mahindi, nichukue ngumu. Kama kuna mzee au mgonjwa, nichukue za kawaida, na raba mpya za kukaa juu ya mguu, na mwendo niupunguze mwenyewe.

Mama, nilisimama pale kama mjinga. Nilitaka kusema nawabeba baba na mama yangu. Lakini baba haji. Niambie basi. Nikija, nakuja kubeba nani?

Editha

Mama, ni mimi Loisi. Sijafanya ujinga. Gauni nimelishona mpaka kiunoni nikaliacha hapo. Nitamaliza baba akisema anakuja.


Farkwa,
3 Juni 2025

Wanangu Editha na Loisi,

Naandika hii baba yenu akiwa malishoni. Salamu za nyumba nzima mzipokee kwa mkupuo.

Nilisoma swali la fundi mara nyingi. Unambeba nani. Nikamsomea bibi yenu kwa sauti ya juu sikioni. Nikamwambia nimewekewa kiapo kwa jina la marehemu mama mkwe, na bibi yenu, mama yangu mimi, akasema, "Marehemu alikuwa mwenzangu. Angekuwepo angekwisha kusema zamani." Basi nasema.

Ni mgongo.

Mnajua baba yenu alianguka na mzinga wa asali mwaka ule wa mvua nyingi, akapona. Tulidhani kapona. Sasa Pasaka, Editha, ulipompeleka parokiani kwenye gari lako jipya, mlipofika Korongo la Mawe gari lilizama, likagonga chini, chuma kwa chuma. Wewe ulisema samahani baba. Yeye alisema hakuna neno, gari zuri. Alirudi nyumbani akashuka anatabasamu, akakupungia mkono mpaka ukapotea kwenye vumbi, ndipo akaniambia, Paskalia, nishike. Tangu siku ile hakai. Akikaa, moto unashuka mguu wa kulia mpaka kisiginoni. Anakula kasimama. Analala chini kwenye ngozi. Siku ya wakwe ilikuwa mbaya kuliko zote. Alitoka nje kwa sababu machozi yalikuwa yanakuja, na mwanamume hawezi kulia mbele ya watu waliomletea mahari, watadhani analia kwa kuletewa ng'ombe mdogo.

Nikamwambia tuwaambie watoto. Akakataa. Akasema, Editha amenunua gari kwa jasho lake, la kwanza katika ukoo huu, na safari yake ya kwanza na baba yake isiwe ndiyo iliyomvunja baba yake. Alisema atakuwa amekusifia gari na kukunyang'anya siku hiyo hiyo.

Ndiyo maana nilikuwa nauliza ulaini. Nilidhani nitauliza kwa mbali, gari litatengenezwa, yeye atapanda, hakuna atakayejua. Kumbe nimewaachia Loisi analia na Silvano anajitafuta kosa.

Loisi, mtoto wangu, baba yako alisimama siku ile akiumia kwa ajili yako. Angekuwa hataki uolewe angelala ndani.

Editha, mjibu fundi. Mwambie unambeba mzee Bernardo, mgongo wake mbovu, na njia ni ile ile. Yeye aseme ipi.

Jibuni upesi. Siwezi kumtazama usoni mpaka nijue mmefanyaje.

Mama yenu


Miyuji,
12 Juni 2025

Mama yetu,

Shikamoo. Tulilia kidogo, tukacheka sana, halafu tukaanza kazi.

Loisi alimpigia Silvano kabla sijamaliza kusoma. Silvano akamwambia baba yake. Mzee akasema kumbe alikuwa anamsogezea kiti mtu anayeungua. Ametuma salamu: harusini kama mzee Bernardo atasimama, naye atasimama, watasimama wawili mlangoni kama walinzi wa benki, na atakayekaa kwanza atatoa mbuzi. Gauni limekwisha, limening'inia mlangoni, tunapita pembeni pembeni.

Mimi nilikwenda kwa Faridi. Nilimwambia nambeba baba yangu. Hakuuliza tena. Tukachukua zile za kawaida, mpya, zote mbili, raba za juu mpya na kava za kuzuia vumbi.

Ungeona kazi yenyewe, mama. Alinyanyua mbele kwa jeki, akaweka vigogo chini ya gari, akasema jeki ni rafiki wa uongo. Akatoa tairi, akafungua nati za chini, halafu zile za juu ndani ya boneti, mguu mzima ukatoka na springi yake. Hapo akatufukuza wote. Springi ile imebanwa, ikimruka mtu inaua. Akaifunga vibano viwili, akavikaza kidogo huku, kidogo kule, bila haraka, mpaka ikalegea. Ndipo akaufungua mguu wa zamani. Ule wa kulia alipoushika wima ukajizamia wenyewe kama mzee anayeketi. Raba ya juu ilikuwa imepasuka, hiyo ndiyo ko ko yako uliyoisikia getini. Ule wa kushoto ulikuwa na nguvu kidogo, na bado una harufu ya mbarika kwenye mikunjo. Faridi amekataa kuutupa. Ameutundika kwenye bati, anawaonyesha wateja.

Nati ya juu hakuikaza mpaka gari liliposhuka chini likasimama kwa miguu yake. Baadaye tukaenda kunyoosha tairi, maana ukigusa miguu lazima tairi zipimwe zinatazama mbele. Zile mbili zilizolika nimebadilisha pia.

Jioni nilikwenda nalo Ihumwa kwenye ile njia ya mawe kando ya reli. Loisi alikaa mbele na bakuli la uji mapajani. Lilimwagika tone moja, tena ni kwa sababu alicheka. Mama, halipigi kelele. Linapanda tuta, linashuka, linatulia, kama mtu mwenye adabu.

Nakuja Alhamisi tarehe 26, asubuhi. Kiti cha mbele nitakilaza nyuma. Tutasimama kila baba akitaka. Na sitaki ubishi, Ijumaa anaonwa na daktari wa mifupa kabla ya kitu kingine, nafasi nimeshachukua.

Mwambie baba kwamba hajaninyang'anya kitu. Mwambie nataka kumpeleka mara ya pili. Ile ya kwanza tuseme tulikuwa tunajaribu.

Jibu upesi kama atapanda.

Editha


Farkwa,
15 Juni 2025

Editha,

Mama yako anaandika, mimi baba yako nasema.

Nimeambiwa kila kitu. Nilikasirika mpaka saa ya kukamua, ng'ombe wakanitazama, nikaacha.

Huyo fundi anasemaje kuhusu Korongo la Mawe? Usiniambie gari linatulia. Korongo nalijua. Niambie amelipita yeye mwenyewe, au anasema akiwa kwenye bati lake?

Hapo mimi Paskalia nasema, ameshapiga pasi suruali. Ameipiga mwenyewe, kwa mkaa. Usimwambie nimekuambia.

Andika ninachosema. Mwambie baba yake Silvano mbuzi atatoa yeye. Mimi nimezoea kusimama.

Njoo Alhamisi. Nitakuwa kwenye nguzo.

Baba yako,
Bernardo


Farkwa,
6 Julai 2025

Mwanangu Editha,

Salamu zetu zote. Baba yako mzima, amevaa ule mkanda wa daktari juu ya shati ili watu wauone. Bibi yako mzima, anasema harusi ilikuwa na kelele nzuri, hiyo alisikia yote. Asnath mzima na mtoto wake mzima. Mume wa Asnath mzima, ng'ombe wote wapo, baba yako amewahesabu na kuwatazama midomoni kama wameongea vibaya juu yake. Ndama jike amepewa jina Miyuji. Loisi na Silvano wasalimie huko Chamwino ukiwaona, waambie sitaki habari, nataka wao wenyewe wakija.

Kijiji kizima bado kinazungumza. Paulina mama mchungaji aliuliza mlangoni mwa kanisa, mbele ya watu, tulifikaje. Nikasema tulifika tumekaa. Nikaishia hapo.

Ulimwona mwenyewe baba yako alivyokaa pale ukumbini. Walisimama na baba yake Silvano mpaka keki, hakuna aliyekubali, wakatazamana, wakakaa kwa pamoja, na mbuzi hajulikani ni wa nani mpaka leo. Hayo uliyaona.

Mimi nataka kukuandikia usilolijua. Kwenye gari wewe macho yalikuwa njiani na kwaya ilikuwa inaimba redioni, hukusikia.

Tulipotoka nyumbani baba yako alikaa mbele kama mtu anayengoja sindano. Hakuegemea. Tulipopita kwa wauza asali akaanza kupumua kwa pua. Mimi nilikuwa nyuma yake. Akanyoosha mkono nyuma, kati ya kiti na mlango, chini chini usione, akaushika wangu. Mwanangu, tangu nimeolewa na huyu mzee sijawahi kushikwa mkono mchana kweupe. Nikafunika kwa kanga. Akafumba macho, akabana meno, mkono wangu ukauma kweli kweli. Nikajua anangoja korongo.

Tukaenda. Wewe ukapunguza mwendo, gari likashuka, likapanda, vumbi likatupita. Mimi nikaona mawe yale makubwa yanabaki nyuma. Yeye macho bado kafumba. Tukaenda mpaka nikaona lami ya Kondoa kwa mbali inang'aa. Ndipo akaniuliza kwa lugha yetu, polepole, "Korongo bado?"

Nikamwambia, "Tumeliacha zamani."

Akafumbua macho. Akageuza shingo akatazama nyuma, njia nzima, mpaka akaridhika. Akaegemea. Hapo ndipo ulipomwona anaegemea, ukamuuliza kama amechoka, akasema hapana, anatazama mashamba.

Mkono hakuuachia mpaka Chemba.

Sasa amenituma niandike jambo, yuko hapa amekaa kwenye kigoda, amekaa, mwanangu, ananisimamia kila neno. Anasema mavuno ya asali ni mwezi wa nane, na kuna mtu wa kumpelekea asali huko Miyuji, yule fundi. Anauliza gari litakuja lini. Anasema si lazima iwe harusi.

Na mwambie Faridi asiogope. Siku uliyoturudisha, kabla hujaondoka, nililipaka tena, siwezi kuliacha gari lililombeba mume wangu likaondoka kavu. Lakini safari hii nimelipaka paji la uso tu, hapo juu ya taa. Miguu sikuigusa.

Basi jibu upesi. Suleiman anapita Jumanne, na huyu mzee hatanipa usingizi.

Mama yako,
Paskalia